Paka Mmoja, Waganga Wanne

Nyumbani kwetu West Indies, hapa Eldoret, mgonjwa haulizwi anaumwa wapi. Huulizwa kama ile dawa ya juzi ilibaki. Mama alistaafu uuguzi, ila uuguzi umekataa kumwacha; kabati lake la jikoni lina vidonge vya kila maradhi yaliyowahi kupita mtaani, vingine vimefungwa kwenye vipande vya gazeti, na yeye huvitambua kwa rangi tu. Mjomba, mdogo wake, anafuga ng'ombe wa maziwa huko Moiben, na imani yake ni kwamba hakuna mnyama anayekufa kwa ugonjwa. Hufa kwa sababu mwenyewe ameogopa kwenda agroveti. Kogo, mama yao wote wawili, ana mursik, yale maziwa lala ya Kikalenjin. Kibuyu kimoja husafiri naye popote, na hakuna tumbo, la binadamu au la mnyama, ambalo hajawahi kulielekezea kibuyu hicho.

Kati ya wataalamu hawa watatu aliishi Karani, paka dume wa kijivu. Jina hilo alilipata kwa tabia yake ya kukalia karatasi: bili ya umeme, daftari la chama, kazi ya ziada ya mwanangu wa Gredi ya Nne. Ukitandaza karatasi mezani, Karani ameshafika kazini.

Mwezi mmoja wa Julai mvua ilinyesha kama inavyonyesha hapa, kila alasiri bila kukosa, na baridi yetu ya mita 2,100 juu ya usawa wa bahari ikaingia hadi kwenye magodoro. West Indies yetu haina ufuo wala minazi, ndugu msomaji; ina matope, mahindi nyuma ya nyumba na majirani wenye masikio. Karani akaacha kukalia karatasi. Alitapika nyuma ya kochi, akatapika ndani ya gamubuti ya Mjomba, akaharisha mahali ambapo sitapataja kwa heshima ya Mama. Katikati ya kutapika alikuwa akijikuna. Alijikuna hadi manyoya yakamtoka karibu na mkia, na usiku ungesikia mguu wake ukigonga sakafu, tap tap tap, kama mtu anayepiga taipureta ya zamani.

Nilimpeleka kwa daktari wa mifugo ndani ya kapu la sokoni lililofungwa kwa leso. Daktari, mwanamke mtaratibu wa kuongea, alimpapasa tumbo, akampima joto, akamfunua manyoya ya mgongoni na kunionyesha vumbi jeusi. Alilichukua vumbi hilo kwa pamba iliyolowa maji, nalo likageuka jekundu. Kumbe ni kinyesi cha viroboto, yaani damu ya Karani mwenyewe iliyokwisha kusagwa. Halafu akainua mkia, akanionyesha vitu vyeupe vidogo mithili ya punje za mchele.

"Hivi ni vipande vya tegu," akasema. "Na tegu huyu hakuingia kwa chakula. Ameingia kwa kiroboto."

Hapo nikapata somo ambalo naona kila mwenye paka angepewa bure. Mayai ya tegu huyo huliwa na mabuu wa viroboto huko chini kwenye vumbi la zulia. Buu anakua, anakuwa kiroboto na mgeni wake tumboni. Paka anapojilamba kwa sababu anawashwa, anammeza kiroboto, na tegu anapata nyumba. Kwa hiyo ukimpa paka dawa ya minyoo ukawaacha viroboto, baada ya wiki chache utaona tena punje za mchele chini ya mkia.

Lakini si tegu aliyemtapisha hivyo, alisema; kulikuwa na maambukizi ya matumbo pia, na hayo ndiyo ya kuanza nayo. Akapanga foleni. Kwanza metronidazoli, kidonge kilichokatwa kwa uzito wake, asubuhi na jioni, pamoja na kuku wa kuchemsha asiye na chumvi wala kitunguu, kwa sababu kitunguu huharibu damu ya paka. Akishakula vizuri na kinyesi kikashikana, tone la viroboto la paka, la kuwekwa kisogoni. Mwisho kabisa, kidonge cha tegu.

Nilimuuliza kwa nini asimpe yote leo tukamaliza. Akaniambia kwamba dawa hizo zenyewe hazina ugomvi mkubwa. Za tumbo na lile tone la paka kwa kawaida hupishana bila kusalimiana. Ila paka huyu amekauka maji, hana nguvu. Ukimpa vitu vitatu leo na kesho akaanguka, nani atajua ni kipi kilichomwangusha? "Nataka nikiona mabadiliko nijue yametoka wapi," akasema. Akaongeza makatazo: asipewe dawa ya binadamu, asipakwe dawa ya mbwa wala ya ng'ombe, asipewe maziwa.

Jioni hiyo, juu ya ugali na sukuma, niliisoma hukumu yote mbele ya familia, neno kwa neno. Kila mtu aliitikia kwa kichwa. Baadaye nilikuja kugundua kwamba Mama alisikia "metronidazoli", Mjomba akasikia "viroboto", na Kogo akasikia "hali chakula". Yaliyobaki yalipita juu ya sufuria na kutoka kupitia dirishani.

Kumpa paka kidonge ni vita vinavyostahili mshairi. Metronidazoli ni chungu hivi kwamba paka akiionja kwenye ulimi hutokwa na povu jeupe, mate yananing'inia hadi kifuani, na anayemwona kwa mara ya kwanza huanza kutafuta jembe la kaburi. Daktari alishatuonya: povu la uchungu huanza dakika ile ile na huisha upesi, paka akibaki na akili zake na hasira zake. Mama, aliyewahi kuwashika wanaume wazima wanaoogopa sindano, alichanwa viganja vyote viwili. Aliyefaulu ni Anti, binti anayetusaidia kazi za nyumbani: alikikamata kichwa kutoka nyuma, akafungua mdomo kwa kidole cha kati, kidonge kikaenda nyuma kabisa ya ulimi, halafu maji kidogo kwa bomba la sindano lisilo na sindano. Hayo maji si madoido. Kidonge kikavu huweza kukwama kwenye koo la paka na kulichoma. Mama alimsifu Anti mbele ya wageni wa chama, na sifa hiyo, kama tutakavyoona, ilikuwa na gharama.

Siku iliyofuata Mama akamshika Karani masikio, akatangaza kwamba ana homa. Tayari alikuwa amefungua kabati na chupa ya parasetamoli ya watoto iko mkononi.

"Mama, joto la kawaida la paka hufika nyuzi 39," nikamwambia. "Ukilinganisha na sisi, kila paka ana homa tangu kuzaliwa."

"Tone moja tu la kumtuliza."

Ilibidi nimpigie daktari simu nikaweka spika, kwa sababu Mama hamwamini mtu ambaye alimnyonyesha mwenyewe. Daktari akamweleza kwa lugha ya wodini, muuguzi kwa muuguzi. Ini la binadamu lina kimeng'enya kinachoifunga parasetamoli kwenye sukari fulani na kuitoa kwenye mkojo. Ini la paka halina uwezo huo wa kutosha. Jeni inayohusika imeharibika katika ukoo mzima, simba na duma wakiwemo. Dawa ikikosa njia ya kutokea inageuka sumu, damu inashindwa kubeba oksijeni, ufizi unakuwa wa kahawia, uso unavimba. Kidonge kimoja cha mtu mzima kinatosha kumuua paka. Mama alinyamaza kwa muda mrefu kuliko nilivyozoea. Akairudisha chupa kabatini, nyuma kabisa, kama mtu anayemficha mtoto mtukutu wageni wakija.

Hatari moja ikapita. Ya pili ilikuwa njiani kutoka Moiben, imefungwa kwenye mfuko mweusi wa nailoni uliobaki tangu kabla ya marufuku ya 2017, pamoja na lita tano za maziwa na kabichi mbili.

Mjomba alikuja Jumamosi. Kwa haki yake, ni mtu mwema. Alimkuta Karani amejikunyata kwenye kiti akijikuna, na moyo wa mfugaji ukamuuma. Chupa aliyokuwa nayo ilikuwa dawa ya kupe ya ng'ombe. Alikuwa ameinunua kwa ajili ya mifugo wake, na muuzaji alipoulizwa kama inaua viroboto pia, alijibu ukweli mtupu kwamba inaua. Hakuulizwa kama inaua paka.

Dawa kama ile ina ukoo, na ukoo wake una shamba hapa kwetu. Kenya kwa miaka mingi iliongoza dunia kwa pareto, yale maua meupe yenye kitovu cha manjano ambayo wazee wa Molo na nyanda za Nakuru waliyachuma na kuyakausha kwa ajili ya kiwanda. Sumu iliyomo kwenye ua hilo, pirethrini, huua mdudu upesi lakini huharibika juani. Wanakemia wakaanza kuiga. Mwaka 1973, Uingereza, kikundi cha Michael Elliott katika kituo cha Rothamsted kikatengeneza permethrini, sumu ya jamii hiyo hiyo inayovumilia jua na kudumu. Ndugu zake wakafuata, na leo wanatumika kuoshea ng'ombe, wanapulizwa kwenye mboga, wamo kwenye vyandarua vyetu. Kazi yao ni moja: wanaushika mlango mdogo wa sodiamu kwenye neva na kuuzuia usifungike. Neva inaendelea kupiga kelele hadi mdudu anakufa kwa kutetemeka. Ng'ombe na mbwa huzivunja sumu hizi kwa haraka. Paka hushindwa, na wataalamu wanauhusisha udhaifu huo na ini lile lile lililoikataa parasetamoli.

Mjomba hakuwa na habari ya ini. Alikadiria. "Ndama nampimia hivi," alitueleza baadaye akionyesha kwa kidole, "paka ni mdogo, nikapunguza." Alimpeleka Karani stoo, akampaka mgongoni kutoka shingoni hadi mkiani, akanawa mikono na kuja kunywa chai. Hakumwambia mtu kwa sababu, kwa maneno yake, kazi ndogo kama hiyo haina haja ya mkutano.

Saa kumi na mbili unusu jioni Mama alimpa Karani kidonge chake, kwa tabu, akaondoka kwenda maombi ya jumuiya. Saa moja Anti akarudi kutoka dukani, akakiona kibahasha cha vidonge mezani kama Mama alivyokiacha, akakumbuka zile sifa, akampa Karani kingine. Kogo naye, ambaye alikuwa amemwonea huruma tangu alfajiri, alishamnywesha mursik kwenye kifuniko cha kibuyu. Mara mbili.

Povu likaanza.

"Ni uchungu wa kidonge," Anti akasema.

"Ni minyoo inatoka," akasema Mjomba, ambaye ghafla alikuwa na hamu ya kuliangalia dari.

"Mpeni maziwa," akasema Kogo. "Maziwa hukata sumu." Hii ni imani ya nyumba nyingi, na nimeisikia hata kwa watu wenye shahada. Maziwa hayakati sumu ya aina hii, na kumnywesha mnyama anayetetemeka ni kumwelekezea maziwa kwenye mapafu.

Tulisubiri povu liishe kama tulivyoelekezwa. Halikuisha. Masikio yakaanza kuchezacheza, la kushoto halafu la kulia, kana kwamba kuna nzi tusiyemwona. Ngozi ya mgongo ikawa inaruka yenyewe. Karani akasimama aelekee mlangoni na miguu ya nyuma ikakataa kumfuata. Akatembea kama mlevi anayejaribu kuonyesha kwamba hajalewa. Hapo mwanangu, ambaye alikuwa amelala kifudifudi sakafuni uso kwa uso na mgonjwa, akainua kichwa.

"Mbona Karani ananuka kama Moiben?"

Kimya kilichofuata nakikumbuka vizuri. Watu wote walimgeukia Mjomba. Mjomba akaiangalia kabichi.

Daktari alipokea simu mlio wa pili. Hakulaumu mtu. Aliuliza maswali manne: kitu gani, kiasi gani, saa ngapi, na je, ana fahamu. Halafu maagizo yakashuka. Muosheni sasa hivi kwa sabuni ya kuoshea vyombo, kwa sababu dawa hiyo ni ya mafuta na maji matupu hayaitoi. Maji yawe vuguvugu, yasiwe ya baridi hata kidogo. Msimtapishe. Msimpe kitu mdomoni. Mkaushe, mfungeni, mje. Na chupa yenyewe ije.

Niliuliza baadaye sababu ya maji vuguvugu, na jibu lake lilinifanya niione baridi yetu kwa jicho jingine. Sumu za jamii hii hukaza mshiko wake mwili unapopoa. Paka aliyemwagiwa maji ya bomba usiku wa Julai Eldoret, kisha akaachwa anatetemeka kwenye saruji, ameongezewa sumu bila kuongezewa tone.

Basi tukamuosha ndani ya karai la nguo, Anti ameshika miguu, mimi napaka sabuni, Kogo anamimina maji kutoka kwenye birika baada ya kuyapima kwa kiwiko kama anayemwogesha mtoto mchanga. Mjomba aliagizwa akae mbali, avue shati lake na anawe tena. Jirani akatoa Probox yake bila kuuliza habari, ingawa njia nzima aliuliza habari. Barabara ya Uganda ilikuwa na malori yamejipanga kuelekea Malaba. Tuliyapita kwa kona ambazo Mama, tuliyemchukua kutoka kwenye maombi akiwa bado na Biblia mkononi, alizisindikiza kwa zaburi.

Kliniki, daktari alisoma kwanza chupa, kisha paka. Nilidhani angefanya kinyume. Alieleza huku mikono ikifanya kazi. Kati ya dawa za kupe zinazouzwa kwa wafugaji, kuna za jamii hii ya pareto, na kuna za oganofosfeti, na kuna amitrazi. Paka mwenye sumu ya oganofosfeti hutetemeka na kutoa mate pia, lakini huyo huhitaji atropini, ambayo huyu wa kwetu isingemsaidia kitu. "Bila hii chupa ningekuwa nabahatisha," akasema. Karani akachomwa sindano ya kulegeza misuli, akawekewa dripu, akafunikwa blanketi.

Ndipo lilipoanza baraza. Alichukua kalamu.

"Nani alimpa nini leo? Anzeni asubuhi."

Kogo akataja mursik, akasisitiza kwamba ulikuwa mzuri. Mama akataja kidonge cha asubuhi na cha saa kumi na mbili unusu. Anti, kwa sauti ndogo, akataja cha saa moja. Mama akageuka. "Kipi cha saa moja?" Mjomba akataja chupa ambayo tayari ilikuwa mezani, akaomba isemwe kwamba alipunguza.

Daktari aliyatazama maandishi yake. Shida yake, alituambia, ilikuwa hii: metronidazoli ikizidi mno nayo hugusa ubongo. Paka huyumba, hutetemeka, macho huchezacheza. Kipande kimoja cha ziada hakikutosha kufanya hayo, alikuwa na hakika ya kutosha, na harufu ya mgongoni ilishatoa ushahidi. Lakini kama vidonge viwili viwili vingeendelea kwa siku kadhaa, kisha ikaja dawa ya kupe juu yake, angekuwa na dalili moja yenye washukiwa wawili.

Mjomba, aliyetaka kujua ukubwa wa kesi yake, akauliza ni dawa zipi basi zisizochanganywa kabisa. Daktari akampa mfano wa kwake wa zizini: levamisoli, ile ya minyoo ya mbuzi na ng'ombe, na dawa ya kupe ya oganofosfeti. Zote mbili huchokoza neva upande mmoja, na mnyama aliyeoshwa na kunyweshwa karibu karibu huweza kuanguka, paka au fahali. Mjomba akaacha kuuliza, akaanza kuhesabu kitu kimoyomoyo, na nadhani kule Moiben kuna ndama aliyefumbuliwa fumbo lake usiku huo. Kwa Mama alikuwa na mfano mwingine: dawa za tumbo zinazolifunika tumbo kama rangi, mfano sukralfeti, hushika na dawa nyingine inayomezwa pamoja nayo isifanye kazi, kwa hiyo huachiwa nafasi ya saa mbili hivi. Mama alilijua hilo. Alitikisa kichwa kuonyesha kwamba alilijua.

Karani alikaa kliniki hadi mtetemeko ukamwachia masikio, mahali pa mwisho. Alirudi amekonda, amenyolewa mguu wa dripu, na bili ambayo Mjomba aliilipa kwa M-Pesa bila kusubiri kuulizwa. Jambo la kwanza alilofanya Karani nyumbani ni kuikalia risiti.

Viroboto nao hawakuwa wamekwenda popote. Walio juu ya paka ni sehemu ndogo tu ya jeshi. Wengi wamo chini, mayai na mabuu na wale waliojifungia kwenye vifuko vyao. Kiroboto jike hutaga mayai hadi 40 au 50 kwa siku, nayo huporomoka popote paka anapolala. Aliye ndani ya kifuko anaweza kusubiri miezi, na hutoka akihisi joto na mtikisiko wa mtu anayepita. Tangu Eldoret ipewe hadhi ya jiji Agosti 2024 tumeambiwa tutarajie wakazi wapya, lakini hawa hawakuwa kwenye mpango wa kaunti. Mama aliongoza vita: kila leso, foronya na kitambaa cha kochi kikachemshwa, makochi yakasogezwa, pembe za sakafu zikafagiliwa kila asubuhi na taka zikachomwa, magodoro yakaanikwa kila jua lilipojitokeza, yaani mara chache.

Tumbo lilipotulia na daktari akaruhusu, tulimpima uzito kwenye mizani ya duka la nafaka, yeye ndani ya kapu, muuzaji akiuliza kilo ni shilingi ngapi. Tone la paka likawekwa kisogoni, ngozini kabisa, manyoya yamegawanywa, mahali ulimi wake haufiki. Nilikaa naye jioni nzima. Mjomba alipiga simu mara nyingi kuliko alivyowahi kupiga kwa ajili ya binadamu yeyote. Hakukuwa na povu wala sikio lililocheza.

Kwenye friji sasa limening'inizwa daftari lenye kalamu iliyofungwa kwa uzi. Yeyote anayempa Karani chochote anaandika: nani, nini, saa ngapi. Mwanangu ndiye karani wa Karani, na hana huruma. Aliwahi kumwamsha Mama usiku kuuliza kama "kipande cha kuku" ni cha paja au cha kidari.

Kilibaki kidonge cha tegu. Tulikificha ndani ya omena. Karani akala omena akaacha kidonge kisafi katikati ya sahani. Anti alikuwa amekwenda kwao. Mama akaangalia makovu ya viganja vyake, akasita. Kogo akaomba leso. Alimviringisha paka kama chapati, kichwa peke yake nje, akamweka kati ya magoti, na kwa mkono ulionywesha ndama dawa tangu kabla Mama hajazaliwa, akafungua, akaweka, akafunga, akapuliza puani kidogo, akasugua koo. Karani akameza kabla hajajua kwamba vita vimeanza. Maji kidogo yakafuata.

Mwanangu akafungua daftari, akaandika huku akisoma kwa sauti: Kogo, kidonge kimoja, saa mbili na robo usiku.

Kogo akamfungua paka, akakunja leso vizuri, akauliza kama na vidonge vyake vya presha, vile alivyopewa na jirani kule nyumbani, navyo viandikwe humo, au daftari ni la paka peke yake.

Mama aliweka kikombe chini.

"Vidonge gani vya presha, Mama?"